Jasusi wa Kuchekwa: Mjadala wa Barazani juu ya Sinema Bubu

Hoja iliyowekwa mezani ilikuwa hii: vichekesho vya sinema bubu vilivyohusu majasusi viliwaondolea watu hofu ya vita, au viliwazoesha kumwinda jirani huku wakicheka? Wasemaji walikuwa watatu. Mjomba ni mwalimu mstaafu wa historia, na kwake Charlie Chaplin hana mfano. Mpwa wake ni wakili kijana, mbishi kwa kazi na kwa kuzaliwa. Mzee wa Reli ni jirani yao hapa Tanga, aliyeanza kazi akiwa fayamani kwenye injini za mvuke na kumaliza akiwa dereva. Filamu tulikuwa tumekwisha kuzitazama ukutani kwa projekta ya kuazima. Mimi nilikuwa mwandishi wa kumbukumbu. Nilipoingilia, nimeonyesha.

MJOMBA: Nianze na mti. Mwaka 1918 Chaplin alitoa Shoulder Arms. Askari mdogo wa Kimarekani, miguu pande, anavuka mahandaki ya adui kwenda kupeleleza. Wamemvisha gome la mti: mikono ndiyo matawi, uso unachungulia kwenye tundu. Wajerumani wanatafuta kuni, na mmoja anaukaribia mti ule na shoka. Mti unamgonga kichwani. Wa pili anakuja kuangalia kulikoni, naye anagongwa. Kisha kigogo kinatoka mbio, askari mnene wa Kijerumani yuko nyuma yake, na pori zima limejaa miti inayofanana na anayetafutwa. Akisimama, hayupo. Akisogea, yupo. Nimesoma vitabu vingi vya ujasusi, na hakuna kilichoieleza kazi hiyo kwa ufupi namna ile.

MPWA: Umeanza na mti, Mjomba, kwa sababu mti ni mzuri. Hata mimi nilicheka. Lakini jasusi aliyemo ndani ya mti ni wa upande wa watazamaji. Anajificha, anadanganya, anavaa sare za adui, na sote tunamshangilia. Mimi nauliza juu ya yule mwingine, anayesemekana amejificha kwetu. Huyo vichekesho vilimfanya nani?

MJOMBA: Vilimfanya mpumbavu. Mwisho wa filamu hiyo hiyo Chaplin, amevaa sare ya Kijerumani, anaendesha gari la Kaisari mwenyewe na kumfikisha mikononi mwa Washirika, pamoja na mwanawe na jemadari Hindenburg. Na anayeigiza Kaisari ni Sydney, kaka yake Chaplin, ambaye humo humo ni sajenti wa Kimarekani rafiki wa askari wetu. Mtu mmoja ni adui na ni rafiki! Halafu askari anaamshwa: kumbe alikuwa kambini, amelala, hajaona hata bahari. Filamu ilitoka tarehe 20 Oktoba 1918, vita vimebakiza wiki tatu. Marafiki walimwonya Chaplin kwamba si wakati wa kuchezea vita. Watu walicheka, wakiwamo askari waliotoka kwenye mahandaki yale yale.

MPWA: Kaisari yuko mbali. Kumcheka Kaisari hakukumgharimu mtu wa Chicago chochote. Mimi nazungumzia yaya.

MZEE WA RELI: Yaya gani tena?

MPWA: Mwaka huo huo kampuni ya Fox ilitoa kichekesho kiitwacho Swat the Spy. Hicho hatukukitazama hapa, nimesoma habari zake tu. Wanaokiongoza ni watoto wawili, mtu na mdogo wake, Jane na Katherine Lee. Baba yao wa kwenye hadithi amebuni kanuni ya baruti, na watumishi wa nyumba, Wajerumani, ni majasusi wanaoiwinda. Watoto watundu wanawasumbua mpaka wanaumbuka. Sasa fikiri, Mzee: umekaa sinema na wanao. Nyumbani una yaya aliyezaliwa Bremen. Mnarudi usiku, yeye ndiye anayewafungulia mlango. Utamtazamaje? Kesho yake akichelewa sokoni, je?

MZEE WA RELI: Nitamwuliza alipitia wapi.

MPWA: Hoja yangu nzima ni hiyo.

MJOMBA: Unaikuza, mpwa wangu. Homa ya majasusi haikuzaliwa na sinema. Uingereza iliugua mapema: mwaka 1909 William Le Queux alitoa kitabu kilichoijaza nchi majasusi wa Kaisari, na mwaka huo huo serikali ikaanzisha idara ya siri iliyokuja kuzaa MI5 na MI6. Vita vilipofika, mhudumu wa hoteli au kinyozi mwenye jina la Kijerumani hakuwa na usingizi, na hata mbwa wa asili ya Ujerumani walipigwa mateke barabarani. Lakini majasusi wa kweli walikuwepo! Carl Hans Lody alipigwa risasi katika Mnara wa London tarehe 6 Novemba 1914, na wengine 10 wakamfuata mahali hapo hapo kabla ya vita kwisha. Marekani nako, Julai 1916, maghala ya silaha ya Black Tom, ng'ambo tu ya maji kutoka New York, yalilipuliwa kwa hujuma ya Wajerumani. Watu walikuwa na sababu ya kuogopa, na sinema iliwapa nafasi ya kupumua. Sydney Chaplin alikwisha kucheza A Submarine Pirate mwaka 1915: mhudumu wa hoteli anasikia njama za watu wa nyambizi, anajitia admirali. Hiyo ni miezi michache baada ya nyambizi ya kweli kuizamisha Lusitania na watu karibu 1,200. Mtu anayeweza kuicheka nyambizi mwaka ule hofu haijammaliza.

MPWA: Hofu ikishachekwa haiondoki. Inakaribishwa kiti, inakaa na watu. Ulianza na mti, Mjomba. Nami ninao wangu. Usiku wa kuamkia tarehe 5 Aprili 1918, mjini Collinsville, Illinois, kundi la watu lilimkamata Robert Prager, mzaliwa wa Ujerumani aliyefanya kazi kwenye machimbo ya makaa. Walimtuhumu ujasusi. Walimtembeza peku barabarani wamemzungushia bendera ya Marekani, wakamlazimisha kuimba nyimbo za uzalendo, kisha wakamnyonga mtini. Washtakiwa 11 walifikishwa mahakamani. Juri ilijadiliana kwa dakika chache ikawaachia wote.

Tarehe 6 Aprili, kesho yake tu, Chaplin na waigizaji wenzake Mary Pickford na Douglas Fairbanks walikuwa Washington kuzindua uuzaji wa hatifungani za vita. Tarehe 8 Chaplin alikuwa Wall Street mbele ya maelfu ya watu, Fairbanks amemnyanyua juu waone. Sisemi Chaplin ana damu mkononi. Nasema vicheko na kamba ya Prager ni vya nchi moja na wiki moja, na waliojaza kumbi za sinema ndio waliojaza barabara ya Collinsville.

MZEE WA RELI: Ngojeni. Mnawatafuta majasusi mbali, na hapa Tanga Waingereza hawakuhitaji hata kupelelezwa. Tarehe 2 Novemba 1914 manowari yao Fox iliingia, nahodha akashuka kuwatangazia Wajerumani wasalimu amri, na kabla ya kuondoka akauliza kama bandari imetegwa mabomu. Anamwuliza adui! Wakamwambia imetegwa. Haikutegwa hata moja. Basi Waingereza wakaanza kufagia bahari kutafuta mabomu yasiyokuwepo, na Von Lettow, kamanda wa Wajerumani, akaleta askari wake kwa treni kutoka Moshi. Kwa reli hii hii niliyoifanyia kazi. Chaplin angeongeza nini hapo?

Maneno hayo hayaigusi hoja moja kwa moja. Nimeyaandika kwa kuwa ni kweli, na kwa kuwa baraza lote lilicheka, Mpwa akiwamo. Aliyerudisha mjadala ni yeye.

MPWA: Niruhusuni nizungumze kama mwanasheria. Sheria ya Ujasusi ya Marekani ilitiwa saini tarehe 15 Juni 1917. Jina lake linamtaja jasusi, lakini watu zaidi ya 2,000 walishtakiwa kwa sheria hiyo na nyongeza yake ya mwaka 1918, na wengi mno kosa lao lilikuwa maneno: hotuba, barua, makala, mazungumzo ya dukani. Kati ya waliofungwa yumo mtu wa sinema, Robert Goldstein. Alikuwa muuza mavazi ya maigizo huko Los Angeles, baba yake mhamiaji kutoka Ujerumani. Akatengeneza filamu ya uzalendo mtupu, The Spirit of '76, kuhusu Wamarekani walivyopigania uhuru wao. Na katika vita vya uhuru adui alikuwa nani?

MZEE WA RELI: Mwingereza.

MPWA: Mwingereza. Kwenye filamu askari wa Kiingereza wanaua wanawake na watoto. Ingetoka miaka mitatu kabla, angepewa maua. Ila filamu ilikuwa tayari mwaka 1917, Marekani imekwisha kuingia vitani upande wa Waingereza. Ilipoonyeshwa Los Angeles serikali iliikamata, ikasema inamchafua mshirika na inamsaidia adui. Goldstein alihukumiwa kifungo cha miaka 10. Rais Wilson baadaye aliipunguza adhabu hadi miaka mitatu. Kampuni ilikufa, na yeye sinema ikawa imemwisha. Alifungwa kwa Sheria ya Ujasusi kwa kuonyesha ukatili wa karne ya kumi na nane!

MJOMBA: Inasikitisha. Lakini hicho hakikuwa kichekesho, na mjadala wetu ni wa vichekesho.

MPWA: Nimekileta kwa sababu hiyo. Tazama vichekesho vyote vya 1918 na 1919, uniambie nani hachekwi. Kaisari anachekwa. Mwanawe anachekwa. Hindenburg hana nafuu. Mtumishi wa Kijerumani anachekwa mpaka anaingia gerezani. Chaplin anamcheka hata askari wa kwao, miguu pande na bunduki begani kinyume. Mmoja tu hajaguswa: raia aliyejipa kazi ya kukamata majasusi. Naye ndiye aliyekuwa na vituko kuliko wote.

Hapa nilimwomba Mpwa aeleze, kwa sababu niliona ndipo mjadala ulipopata mwili. Alieleza habari za American Protective League. Ilianzishwa Machi 1917, wazo la mtu wa matangazo ya biashara wa Chicago aitwaye Albert Briggs, kwa baraka za Wizara ya Sheria. Kabla vita havijaisha ilikuwa na wanachama kama 250,000 katika miji zaidi ya 600: wenye maduka, mawakala wa bima, mameneja wa benki, watu waliojichosha na maisha ya kawaida. Hawakulipwa, ila walikuwa na beji, na beji za mwanzo ziliandikwa maneno yaliyowafanya waonekane ni idara ya siri ya serikali, hata Waziri wa Fedha, ambaye idara hiyo ilikuwa yake, akalalamika. Walisoma barua za watu na kusikiliza mazungumzo, wakaingia nyumba zisizo zao. Septemba 1918 walishiriki msako wa New York, wanaume makumi ya maelfu wakazuiwa mitaani waonyeshe karatasi za kuandikishwa jeshini. Kuhusu majasusi halisi, wanahistoria waliowachunguza wanasema hawakumnasa hata mmoja.

Mimi naona kichekesho chote kimo katika aya hiyo moja. Robo milioni ya mashushushu wasiojua kazi, kila mmoja na beji mfukoni, wanafuatana wao kwa wao mitaani. Mack Sennett, aliyetajirika kwa polisi wapumbavu wa Keystone, angeitengeneza kwa wiki mbili. Hakuitengeneza. Polisi wa Keystone walikuwa wamechekwa tangu 1912 bila mtu kwenda jela, lakini polisi wa uzalendo walihitaji kuachwa. Chaplin na wenzake walijua mipaka iko wapi, na kama hawakujua, kesi ya Goldstein iliwaonyesha. Kwa hiyo swali langu kwa Mjomba lilikuwa: je, kicheko kinachoruhusiwa na mwindaji kinaweza kusemwa kimempunguzia mtu hofu?

MJOMBA: Swali lako lina mtego, lakini nitalijibu. Sennett mwenyewe alitoa Yankee Doodle in Berlin, Machi 1919. Rubani wa Kimarekani, Bothwell Browne, anavaa nguo za kike na kuingia makao ya Kaisari. Kaisari, mwanawe na Hindenburg wote wanamtaka "bibi" huyo, siri za vita zinamwagika kama maji. Hapo sioni yaya wala Prager. Naona wakubwa watatu wanaojiaibisha.

MPWA: Machi 1919 Kaisari ni mkimbizi Uholanzi. Kumcheka aliyeanguka hakuhitaji ushujaa. Mjomba, nipe filamu moja tu inayomcheka mwindaji.

MJOMBA: Nitakupa, na Mzee atanisaidia. The General, ya Buster Keaton. Kumbuka Keaton alikuwa askari kweli, alipelekwa Ufaransa 1918 na kurudi usikivu umepungua. Alingoja, kisha mwishoni mwa 1926 akaitoa hii. Johnnie Gray ni dereva wa treni, mtu wa Kusini katika vita vya wenyewe kwa wenyewe. Majasusi wa Kaskazini wanamwibia injini yake, na mchumba wake yumo. Anawafukuza peke yake. Na hapa ndipo utamu ulipo: hajui kama anafukuza majasusi! Anadhani ni watoro wa jeshi. Anachotaka ni injini yake. Mkamata majasusi mkuu wa sinema bubu ni mtu asiyewatafuta majasusi.

MZEE WA RELI: Na jeshini walimkataa. Hilo liliniuma. Alipanga mstari kujiandikisha, wakaona kwenye karatasi kazi yake ni udereva wa treni, wakasema ana faida zaidi akibaki na injini. Ila hawakumwambia! Akadhani hatakiwi kwa udogo wa mwili. Mchumba naye akadhani ni mwoga. Sisi wa reli tunajua jambo hilo, mtu muhimu haambiwi kwamba ni muhimu.

MJOMBA: Anafika upande wa adui, njaa imemshika, anaingia nyumba kutafuta chakula. Wakubwa wa jeshi wanaingia, anajificha chini ya meza yao. Hapo juu wanapanga vita. Mmoja anachoma kitambaa cha meza kwa sigara, panatokea tundu, na jicho la Keaton likawa kwenye tundu. Siri kubwa kuliko zote inapatikana na mtu aliyekuja kuiba chakula. Akitoroka anavaa sare za adui, anaporudi kwao wanampiga risasi kwa sababu ya sare hizo hizo. Mpwa wangu, unataka mwindaji achekwe. Hapa anayekamata na anayekamatwa wanabadilishana nguo mpaka bunduki haijui imlenge nani.

Mzee wa Reli hakutaka kuachia hapo, na sikumkatiza. Alisema alichokiona yeye kwenye filamu ni kazi. Keaton anapakia kuni kwa haraka, na kila gogo analotupa linavuka upande wa pili. Anakaa kwenye kijiti cha gurudumu, fimbo ile inayounganisha magurudumu, injini inaondoka, naye anapanda na kushuka nayo bila kugundua. Mzee alisema ukikosea hatua hiyo, mvuke ukizidi ghafla, gurudumu linateleza na mtu amekwisha. Kwenye filamu hakuna ujanja wa kamera, injini ni ya kweli na mtu ni wa kweli. Hata ile ya kuanguka na daraja linaloungua ni ya kweli: walifanya hivyo karibu na Cottage Grove, Oregon, Julai 1926, mbele ya maelfu ya wenyeji, kwa gharama inayotajwa kuwa dola 42,000, na mabaki ya injini yalilala mtoni hadi yalipochukuliwa kwa chuma chakavu wakati wa Vita vya Pili.

MZEE WA RELI: Na kisa ni cha kweli. Mjomba alinipa nikisome. Tarehe 12 Aprili 1862, stesheni ya Big Shanty, Georgia. Wafanyakazi wa treni wameshuka kunywa chai ya asubuhi, majasusi wa Kaskazini wakiongozwa na James Andrews wakaondoka na injini. Kondakta, William Fuller, akaanza kuwafukuza kwa miguu! Halafu kwa kiberenge. Halafu injini moja, ya pili, mpaka akaipata iitwayo Texas. Hakukuwa na nafasi ya kuigeuza, akaiendesha kinyumenyume njia yote. Kama kilometa 140 za mbio. Wezi hawakushindwa na risasi, walishindwa na kuni na maji. Injini haikujali wewe ni jasusi au padri, ukikosa kuni unasimama.

MPWA: Nikubali kwamba filamu ni nzuri. Lakini mmesahau mwisho wa wale majasusi. Andrews na wenzake 7 walinyongwa. Waliobaki hai baadhi yao wakawa wa kwanza kabisa kupewa Nishani ya Heshima, Machi 1863. Kwa Kaskazini ni mashujaa, kwa Kusini ni wezi na majasusi. Keaton alichagua Kusini, akisema watazamaji hawatakubali watu wa Kusini wafanywe wabaya. Na Kusini ile ilikuwa inapigania nini? Utumwa. Filamu nzima inapita Georgia na Tennessee ya 1862, na mtumwa huwezi kusema yumo kwenye hadithi. Watu mamilioni wamefutwa ili mbio zipendeze. Unaniambia filamu hii inamcheka mwindaji? Inamcheka mtu mmoja mpole, na nyuma yake imeficha jambo kubwa kuliko injini.

MZEE WA RELI: Hapo binti amesema kweli. Mimi nilikuwa natazama magurudumu.

MJOMBA: Nimelisikia. Lakini hoja haikuwa utumwa.

MPWA: Hoja ilikuwa nani hachekwi na nani haonekani. Tena kuna saa ya kuangalia: 1926. Miaka minane baada ya homa kupoa. Na bado wakosoaji waliipiga, haikurudisha fedha nyumbani, na ndani ya miaka miwili Keaton alikuwa ameuza uhuru wake kwa MGM. Mimi nauliza vichekesho vilifanya nini wakati mtu anaweza kunyongwa kwa jina lake. Wakati huo vilikuwa upande wa kundi.

MJOMBA: Basi na nikuulize: Chaplin alikuwa upande wa nani? Waingereza walimpelekea manyoya meupe kwa barua, ishara ya mwoga, kwa sababu hakwenda vitani. Yeye mwenyewe alikuwa anatafutwa na kundi.

MPWA: Umenipa silaha, Mjomba. Julai 1917 kijana wa miaka 22 aliajiriwa Wizara ya Sheria, akapangiwa kazi ya wageni kutoka nchi adui. Anaitwa J. Edgar Hoover. Miaka michache baadaye ndiye mkuu wa idara iliyokuja kuitwa FBI. Jalada la Chaplin lilifunguliwa mwaka 1922, likaendelea kunenepa miaka kwa miaka. Septemba 1952 Chaplin alipanda meli kwenda London, na akiwa baharini Mwanasheria Mkuu akafuta kibali chake cha kurudi Marekani. MI5 nao waliombwa wachunguze kama ni hatari, hawakupata kitu. Hata cheti chake cha kuzaliwa hawakukipata. Yule mwindaji ambaye vichekesho havikumgusa 1918 hakutoweka. Alikua, akapata ofisi, na aliyemwacha bila kumcheka ndiye aliyekuja kuwindwa.

Barazani palikuwa kimya kidogo, na kahawa ilikuwa imekwisha. Mjomba hakukubali kushindwa. Alisema ameweka akiba: Spione ya Fritz Lang, iliyoonyeshwa Berlin mara ya kwanza Machi 1928. Si kichekesho, lakini humo mkuu wa majasusi, Haghi, ambaye nusu ya filamu anaendesha benki huku ameketi kwenye kiti cha magurudumu, anajificha mwishoni kwa kuwa mchekeshaji wa jukwaani. Wanapomzingira jukwaani anatoa bastola na kujiua. Watazamaji wanadhani ni sehemu ya mchezo, wanapiga makofi. Mjomba anasema humo sinema bubu ilikiri yenyewe kila kitu alichokisema Mpwa, na kwamba kukiri ni kazi ya sanaa pia. Mpwa alijibu kwamba Lang alikiri akiwa Berlin, miaka kumi baada ya vita, ambako hakuna aliyeuliza.

Naombwa nitoe hukumu, naitoa. Mimi nampa Mpwa. Shoulder Arms ni filamu kubwa, na mti wa Chaplin utaishi kuliko sote, lakini jambo linaloniamulia ni beji zile 250,000 ambazo hakuna mtu aliyethubutu kuzitia kwenye filamu wakati zinavaliwa. Kichekesho kilichochagua kwa makini vile nani asiguswe hakikumpunguzia Robert Prager hofu yoyote. Mzee wa Reli amepiga kura kwa The General na hakueleza zaidi. Mjomba amekata rufaa, na rufaa itasikilizwa Ijumaa baada ya Isha, tukishaitazama Spione tena. Filamu hizi tatu zimekwisha muda wa hakimiliki huko Marekani, kwa hiyo msomaji mwenye mashaka na hukumu yangu anaweza kuzitazama na kuja kutoa ushahidi.